Miwani Ukutani kwa Bibi Zaituni

Harufu ya maganda ya vitunguu yakichemka kwenye sufuria haijawahi kunipita bila kunisimamisha. Wengine huisikia wakakumbuka njaa, au jiko la mama. Mimi nikiisikia nawasikia watu wakinicheka. Ndani ya harufu ile wamo wote walioniambia kwamba sitaweza: mwalimu wa darasa la sita aliyesema mkono wangu umeumbwa kwa jembe, mjomba wangu wa Kinyangiri aliyesema mchoraji ni mtu aliyekimbia ng'ombe, na Salumu wa kibanda cha video, ambaye maneno yake ndiyo yaliyonichoma kuliko ya wengine.

"Picha inatembezwa na umeme, dogo," aliniambia. "Bila jenereta utabaki na mtu aliyekauka, kama shati lililosahauliwa kwenye kamba."

Leo ninapoandika haya, stashahada yangu ya uchoraji wa picha zinazotembea iko ukutani nyuma yangu, ndani ya kioo, na sikuipata kwa kujuana na mtu. Filamu yangu imetazamwa na watu wasioweza kulitamka jina la Singida. Nayasema haya bila aibu, kwa kuwa wakati ule hakuna aliyeona aibu kuniambia kinyume chake. Lakini kisa chenyewe nimekuwa nikikisimulia vibaya kwa miaka mingi, nikakigeuza kichekesho, na ninyi mnaonisoma nataka niwape kilivyokuwa.

Zilikuwa enzi za ruksa. Maduka ya mjini yaliyokuwa yamezoea kuuza viberiti na subira yalianza kujaa sabuni za rangi, redio za kaseti, na marobota ya mitumba yenye harufu ya dawa ya nondo. Familia ya kina Salumu, baba mtu wa pwani na mama Mnyaturu wa hapahapa, ilikuwa na duka karibu na soko. Nyuma ya duka Salumu aliezeka banda la mabati, akaleta televisheni, deki na jenereta lililonguruma mpaka likaifunika sauti ya mwadhini. Hicho kikawa kibanda cha video.

Mama yangu aliuza vitunguu, na hela ya kiingilio haikuwamo katika hesabu zake. Kwa hiyo nilitazama filamu zote kupitia ufa uliokuwapo kati ya bati na bati. Ufa haukuzidi upana wa kidole. Ukisimama kimya uliona kipande tu, sikio la mtu au gurudumu la gari. Ila niligundua kwamba ukiutikisa uso haraka, kushoto na kulia, kioo chote cha televisheni kinajitokeza, kizima, kana kwamba bati limeyeyuka. Nilirudi nyumbani shingo ikiuma na pua ikinuka kutu, lakini nilikuwa nimeona.

Niliyemwona alikuwa stelingi mmoja, shujaa wa filamu za Kihindi. Jina lake hatukulijua wala hatukulihitaji. Tulimwita Miwani, kwa kuwa hakuvua miwani yake myeusi hata akilala, hata akinyeshewa. Kabla ya kupigana aliiweka sawasawa kwa kidole kimoja, akatikisa kichwa mpaka nywele zikasimama zote, kisha akafunua kinywa na kunguruma, na spika za Salumu zikakwaruza. Kwetu Mwankoko kote, watoto tulitembea na nywele zilizochanwa juu. Wengine walitaka kupigana kama yeye. Mimi nilitaka atembee kwetu, bila jenereta na bila kiingilio, na nimtembeze mimi.

Njia niliipata nikiwa nimebebwa kwenye baiskeli. Tulipita kando ya uzio wa mabua wa Mzee Njiku, mwenyekiti wa kitongoji chetu, na ndani ya zizi kulikuwa na mbuzi. Kupitia nyufa za mabua, kwa mwendo ule, nilimwona mbuzi mzima mzima akitafuna. Ule ufa wa kwa Salumu ulikuwa umenifuata mpaka shambani. Nikawaza: nyuma ya uzio nikiweka picha nyingi za mtu mmoja, kila moja imesogea kidogo kuliko mwenzake, na mtazamaji akapita mbio, huyo mtu atafanya nini?

Nilihitaji ukuta mrefu, na ukuta mrefu kuliko yote ulikuwa wa Bibi Zaituni.

Bibi Zaituni alikuwa mdogo wa bibi yangu mzaa mama. Wenzake wa rika lake walikuwa wamekwisha kufa, kiasi kwamba Mwankoko hakuwa na wa kumwamkia. Kila aliyekutana naye njiani ndiye aliyempa yeye shikamoo. Aliishi peke yake katika tembe ya kizamani, ile nyumba ndefu ya udongo yenye paa la bapa. Mimi hakunipenda, au ndivyo nilivyoamini. Wajukuu wengine aliwashika kidevu na kuwauliza habari. Mimi akinipa chumvi nimpelekee mama, alinyoosha mkono na kutazama pembeni, kama mtu anayepisha moshi.

Mwaka ule alikwenda Sekenke kwa binti yake kusaidia mavuno, na akamwachia mama maagizo: ukuta wa upande wa magharibi umeliwa na mvua, mimi Hamisi niusiribe upya, na nikitaka kuupamba kwa chokaa, niupambe. Basi nikawa nimekopeshwa ukuta. Kwa Mzee Njiku nikaazima mabua ya mtama aliyoweka kwa ajili ya kukarabati uzio, nikayasimika mbele ya ukuta yawe uzio wenye nyufa, kando ya njia. Kwa mama nikaazima kioo. Kwa Salumu nikaazima baiskeli, kwa masharti ya kufagia kibanda kila asubuhi, naye alinipa huku akicheka.

Rangi nilizipika mwenyewe. Maganda ya vitunguu yalinipa rangi ya chungwa, buluu nikaitoa kwenye unga wa kufulia, nyekundu kwenye dawa ya vidonda niliyoomba kwa mganga wa zahanati, nyeusi kwenye masizi ya masufuria. Hakuna iliyotosha. Ndiyo maana Miwani wangu mmoja ana uso wa buluu na nywele za chungwa, anayefuata ana uso mwekundu na nywele nyeupe, wa tatu ni wa chungwa mwili mzima na miwani ya buluu, na hivyo hivyo mpaka mwisho wa ukuta. Miaka baadaye, chuoni, mwalimu aliniambia kwamba mtindo wa namna ile unaitwa sanaa ya pop, na kwamba kuna watu walipata umaarufu nao Ulaya. Nikamwambia kwamba kwetu Mwankoko uliitwa kuishiwa rangi.

Mfululizo ulianzia upande wa chini, wa nyumbani kwetu: mtu ametulia, macho wazi, bado hajavaa miwani. Halafu mkono unapanda, miwani inakaa usoni, kichwa kinatikisika, nywele zinavimba, kinywa kinafunuka, na picha ya mwisho, upande wa juu, ni ngurumo tupu. Yale macho ya mwanzo yalinisumbua. Macho ya Miwani hakuna aliyewahi kuyaona. Mwishowe nilikishika kioo cha mama na kuchora macho yangu mwenyewe.

Mara ya kwanza nilipopita na baiskeli niliona uji uliomwagika. Nyufa zilikuwa pana mno. Nikazibana zikawa za kidole. Mara ya pili jua liliwaka juu ya mabua na kunipiga machoni. Nikaupaka uzio wote masizi, nikarudi nyumbani mweusi kama chungu. Mara ya tatu nilipanda kutoka chini kwenda juu, jua la alasiri likiangaza ukutani, nikakanyaga pedeli kwa nguvu zangu zote, na Miwani akavaa miwani. Akatikisa nywele. Akanguruma. Muda wake ulikuwa wa kupiga chafya, lakini alitembea. Niliiangusha baiskeli nikakaa chini, na hakukuwa na wa kumwambia.

Juma hilohilo mbuzi wawili wa Mzee Njiku walikutwa wameraruliwa. Watu walisema fisi. Wengine walikaa kimya, na kimya chao ndicho kilichokuwa kibaya. Na siku iliyofuata, Bibi Zaituni akarudi kutoka Sekenke.

Nilikuwa uani kwetu nilipomwona akiingia, mzigo kichwani, akapita kati ya uzio na ukuta, mahali ambapo picha hazitembei. Alianza kwa yule mtulivu. Alisogea polepole, picha baada ya picha, na kila picha mtu yule akawa anabadilika: nywele zinakuwa manyoya, vidole vinakuwa makucha, kinywa kinakuwa domo. Alipofika kwenye ile ya mwisho aliutua mzigo chini kana kwamba ulikuwa yai. Hakuingia ndani mwake. Alikwenda moja kwa moja kwa Mzee Njiku, na usiku ule alilala kwetu, uso ameuelekeza ukutani.

Asiyetoka Singida huenda anahitaji maelezo. Wazee wetu walikua katika hofu ya watu-simba. Zamani za wakoloni, walisimulia, vijana walichukuliwa majumbani, wakafichwa mapangoni na kufundishwa unyama, mpaka walipotoka hawakuwa tena watu, na wakawa wanaua. Mambo hayo hayakusimuliwa kwa kicheko. Nami, kwa maganda ya vitunguu na buluu ya kufulia, nilikuwa nimechora juu ya ukuta wa mjane, hatua kwa hatua, jinsi mtu anavyogeuka simba, na mbuzi wameanza kuliwa.

Mzee Njiku hakuwa mtu wa maneno mengi. Alikuja kwetu asubuhi, akakataa kiti, akamwambia mama kwamba ukuta utasiribwa alasiri hiyo na kina mama wa kitongoji, na mimi nitakwenda Kinyangiri kwa mjomba wangu kuchunga, nikapate akili. Nilijua maana yake. Binamu yangu alipelekwa vivyo hivyo kupata akili, na shule hakuiona tena. Nilijaribu kueleza kwamba ni sinema, kwamba huyu ni stelingi, kwamba ukipita mbio unaona. Kadiri nilivyoeleza, ndivyo nilivyozidi kusikika kama mtu anayetetea uchawi.

Alasiri ikafika. Kina mama wakaja na mabeseni ya udongo uliokwisha kukandwa, wakayapanga chini. Salumu naye alikuwepo, amekuja kuiokoa baiskeli yake. Mbingu ilikuwa imeanza kukusanya mawingu upande wa ziwani, na mimi niliyatazama mawingu yale kuliko nilivyowatazama watu, kwa kuwa bila jua ukutani hakuna sinema. Mwanamke mmoja alikwisha kuchota tope mkononi.

Ndipo mama yangu, ambaye siku zote aliinamisha kichwa mbele ya wazee, akasogea mpaka kwa Bibi Zaituni.

"Mama mdogo," alisema, "ukuta ni wako. Utazame kwanza kwa namna ulivyotengenezwa utazamwe. Baada ya hapo ukisema upakwe, tope la kwanza nitalipaka mimi."

Mzee Njiku alitaka kukataa. Bibi Zaituni akamnyamazisha kwa mkono. Alinitazama usoni, nadhani kwa mara ya kwanza, kisha akatazama pembeni upesi.

"Nitapanda," alisema. "Nikianguka mtanizika, na huo ukuta mtaufuta hivyo hivyo."

Sasa sikilizeni shida iliyokuwepo. Filamu yangu ilianzia chini kwenda juu, na njia ile ni mwinuko. Peke yangu niliweza kuipanda kwa kasi. Nikiwa na Bibi nyuma, ingawa alikuwa mwembamba kama bua, nilijaribu pedeli mbili tu nikajua haiwezekani. Tungepanda kwa mwendo wa kinyonga na angeona uji. Kasi ilikuwa kwenye mteremko peke yake. Lakini kuteremka maana yake filamu icheze kinyumenyume, ianze na ngurumo na kuishia kwenye macho. Nilitaka kulia. Kazi yangu yote, na mtazamaji wa kwanza ataiona kichwa chini miguu juu.

Jua lilikuwa limebakisha upenyo. Sikuwa na muda wa kuchagua. Nikaisukuma baiskeli mpaka juu, Bibi akakaa upande kwenye kariya, akalishika shati langu kwa mikono miwili.

"Tazama kwenye nyufa, Bibi," nilimwambia. "Usifumbe macho hata ukiogopa."

Nikaachia breki.

Upepo, mlio wa mnyororo, mabua meusi yakikimbia. Nilitupa jicho pembeni nikaiona kazi yangu ikirudi nyuma: lile domo lililofunuka likaanza kufumba. Manyoya yakalala yakawa nywele. Makucha yakawa vidole, na vidole vikapanda usoni, vikashika miwani na kuivua. Na pale mwisho kabisa mtu akatulia, akatutazama.

Nyuma ya shati langu nikasikia sauti ndogo, ya msichana karibu niseme.

"Shikamoo."

Baiskeli ilikwenda kusimama yenyewe kwenye mchanga mbele ya nyumba yetu. Nilitaka kucheka, na kama si watu waliokuwa wakitukimbilia ningecheka pale pale: bibi asiye na wa kumwamkia Mwankoko nzima, amempa shikamoo stelingi wa video. Bibi Zaituni hakuteremka. Aliendelea kulishika shati langu.

"Nirudishe juu," alisema. "Halafu uteremke tena vile vile. Vile vile, umesikia?"

Tuliteremka mpaka wingu lilipolifunika jua. Kila tulipofika kwenye yale macho alinong'ona jambo ambalo upepo ulilichukua. Aliposhuka aliwaambia kina mama wachukue mabeseni yao. Mzee Njiku akamuuliza ameona nini.

"Nimeona mtu," alisema. "Mwacheni mtoto asome. Ukuta ni wangu."

Sikwenda Kinyangiri. Salumu alipanda baiskeli yake akateremka, akapanda tena, kisha akanijia akikuna kichwa na kusema kwamba kumbe jenereta langu ni pedeli. Kuanzia siku ile niliingia kibandani kwake bure, na kila niliyemkuta nilimsimulia jinsi nilivyomfanya bibi kizee amwamkie Miwani. Kibanda chote kilicheka. Nilikisimulia hivyo shuleni, chuoni, na hata mbele ya wageni wenye mavazi mazuri waliokuja kuiona filamu yangu, nao wakacheka.

Alasiri nyingi Bibi Zaituni aliketi kwenye kigoda mbele ya ile picha ya chini, yenye macho wazi. Nilidhani ameshikwa na ugonjwa wa video kama sisi. Mvua za kwanza zilipoanza kuosha ukuta, alitundika mkeka juu ya picha ile moja, zile nyingine akaziacha ziende na maji. Hata hilo sikulielewa. Niliona tu kwamba bibi ana jicho la sanaa.

Ukweli aliniambia mama, nami nimekwisha kurudi na stashahada yangu, tukiwa tumekaa uani tukichambua vitunguu. Bibi Zaituni alikuwa na kaka yake mkubwa. Kaka huyo alitoka asubuhi kwenda malishoni, Bibi akiwa msichana, na hakurudi. Mbuzi walirudi wenyewe. Hakuna aliyeona maiti, na katika miaka ile, kijana aliyepotea bila maiti watu walijua amepelekwa wapi na amegeuzwa nini. Nyumba yao iliepukwa. Jina lake halikutajwa tena, na kila simba aliyeuawa, dada mtu alikwenda kumtazama usoni.

"Na wewe," mama alisema bila kuinua kichwa, "macho yako ni yake. Wote waliomjua walisema hivyo tangu ulipozaliwa. Ndiyo maana hakuweza kukutazama."

Kisu kilinitoka mkononi. Kumbe mimi nilichora mtu akienda kwa simba, naye, kwa sababu tu ya mteremko, akaona simba akirudi kuwa mtu, akivua kile kilichomfunika uso, na chini yake yakawa ni macho ya kaka yake. Hakumwamkia stelingi. Alimwamkia mkubwa wake aliyerudi nyumbani. Na salamu ile haikuitikiwa, ilibaki ikining'inia miaka yote ile, nami nikiitembeza kama kichekesho.

Hapo ndipo nilipoamua kuwalipa walionikopesha, wote kwa siku moja. Mzee Njiku, aliyekuwa sasa anatembelea fimbo, nilimjengea uzio wa seng'enge kuzunguka zizi lote, naye akaushika waya na kusema angalau huu hautachorwa. Salumu, ambaye kibanda chake kilikwisha kugeuka stoo ya mafuta ya alizeti, nilimpa baiskeli mpya, akaizunguka akitafuta kasoro na hakuipata. Mama nilimpa kioo kirefu cha kusimama. Sikutaka kununua shukrani zao; nilitaka tu wajue kwamba nakumbuka.

Deni la mwisho lilikuwa la Bibi Zaituni. Jioni ile nilitandaza shuka jeupe kwenye ukuta wake uleule, nikawasha mashine ya kuoneshea picha, na watu wakakaa chini. Yeye alikaa mbele, kwenye kigoda chake, amezeeka mpaka amekuwa mdogo. Filamu niliyomletea ndiyo hii iliyonipa jina: rangi zilezile za kuishiwa rangi, uso wa buluu, nywele za chungwa. Ila nakala yake niliichora upya, na ilikuwa na mwelekeo mmoja tu. Ngurumo inafumba. Manyoya yanalala. Mkono unapanda, miwani inavuliwa. Kisha, jambo ambalo ukuta wa zamani haukuwa na nafasi ya kulibeba, mtu yule anakung'uta vumbi miguuni, anainama na kuingia mlangoni mwa tembe.

Bibi Zaituni alisogea mbele kwenye kigoda.

"Shikamoo, kaka," alisema, na safari hii kila mtu alisikia.

Hakuna aliyecheka. Picha yangu haikuwa na sauti. Mimi nililelewa kwetu, ambako kijana anayeitikia shikamoo ya mkubwa wake hana tofauti na anayempiga kibao, na sijawahi kuivunja adabu hiyo kabla wala baada. Lakini nilikuwa nimesimama nyuma yao, gizani, na macho yale yalikuwa yangu.

"Marahaba," nikaitikia.